Mfumi Aliyegeuka Baba

Wengi wakiisimulia riwaya ya *Silas Marner* huanza na dhahabu iliyoibiwa. Mimi huanza na mkasi. Silas ni mfumi mseja, macho yake mabovu, anaishi peke yake pembezoni mwa kijiji cha Raveloe huko Uingereza. Analea mtoto wa kike wa miaka mitatu, Eppie, na akiwa kazini humfunga kiunoni kwa utepe mrefu wa kitani ili asiende mbali. Siku moja anauacha mkasi mahali mkono wa mtoto unapofika. Eppie anaukata utepe na kutoka. Silas anamtafuta mashambani akiamini amezama; anamkuta kando ya kidimbwi, anachota maji kwa kiatu chake.

Inabidi amtie adabu. Anamfungia kidogo kwenye kichumba cha makaa, kisha anamwogesha na kumbadilisha nguo. Akigeuka, mtoto amesharudi mwenyewe kwenye makaa, anacheka. Silas hakumwadhibu tena. Nami ninalea binti wa marehemu jirani yangu, na sijasoma ukurasa mwingine unaojua hivyo jinsi mlezi anavyochoka na kupenda kwa wakati mmoja.

Mwandishi, George Eliot, jina lake halisi Mary Ann Evans, alizaliwa mwaka 1819 mkoani Warwickshire. Baba yake alisimamia mashamba ya tajiri, kwa hiyo maisha ya vijijini aliyaona kwa macho yake. Riwaya ilitoka mwaka 1861, lakini inasimulia mwanzo wa karne ile, enzi za vita na Napoleon, mashine zilipokuwa bado hazijaua ufumaji wa majumbani. Wanakijiji wanamwogopa mgeni mwenye ufundi wasioujua. Silas naye amekimbia mji wake baada ya rafiki kumsingizia wizi kanisani. Kwa miaka 15 anafuma, anahesabu sarafu, anazifukia chini ya matofali ya sakafu. Mwizi anapozichukua zimefika pauni 272 na ushee.

Ndipo, usiku wa kuamkia mwaka mpya, mtoto anaingia mlangoni. Mama yake amekufa kwenye theluji hatua chache kutoka hapo. Baba yake ni Godfrey Cass, mtoto wa mwenye mashamba. Anaiona maiti ya mkewe wa siri, ananyamaza.

Anayekuja kusaidia ni jirani, Dolly Winthrop, na nguo za mwanawe alizozihifadhi. Silas anamwomba amfundishe tu kuogesha na kuvisha. Kazi ataifanya mwenyewe, asije mtoto akampenda mwingine. Hapo ndipo ubaba wake unapoanza, mikononi.

Eliot alikuwa anajua anachokiandika. Aliishi na George Henry Lewes bila ndoa, kwa sababu Lewes hakuweza kumpa talaka mkewe. Kaka wa damu wa Eliot akamsusa kwa miaka mingi. Watoto wa Lewes ndio waliomwita mama, na mmoja wao, Thornton, aliporudi mgonjwa kutoka Natal mwaka 1869, Eliot alimuuguza nyumbani mpaka alipofariki.

Miaka 16 inapita kabla Godfrey hajakiri. Anakuja na mke wake wa pili, hawana mtoto, wanamtaka Eppie awe binti wa nyumba kubwa. Silas, kwa uchungu, anamwachia msichana aamue. Eppie anakataa. Wapo wanaomwonea huruma Godfrey. Mimi naona alihukumiwa kwa haki. Alikuwa na damu, mali na miaka yote ile, na hata siku moja hakumvisha mtoto kiatu.

Ndugu msomaji, sura za kwanza zinakwenda taratibu, na mazungumzo ya wanywaji wa kilabuni ni marefu. Usikate tamaa. Mtoto anaingia katika sura ya 12.