Kwa nini Zalika Souley alitoweka kwenye skrini

Katika filamu fupi ya Moustapha Alassane, Le Retour d'un aventurier (1966), kijana anarudi kijijini kwao Niger kutoka Marekani na mzigo wa nguo za kikauboi. Wenzake wanazivaa, wanajipa majina mapya na kuanza kuwasumbua majirani. Katika genge hilo la wanaume yumo mwanamke mmoja tu, Zalika Souley, ambaye hata miaka 20 hajafikisha. Yuko huru mbele ya kamera kuliko wanaume wote wanaomzunguka.

Baada ya hapo akawa sura ya sinema ya Niger: Cabascabo (1969) na Le Wazzou polygame (1971) za Oumarou Ganda, kisha FVVA (1972) ya Alassane. Lakini Rahmatou Keïta alipotengeneza filamu juu ya maisha yake, Al'lèèssi (2004), alimkuta nyota aliyesahaulika, anayehangaikia riziki.

Maelezo ya haraka huilaumu jamii. Zalika aliigiza wanawake wakorofi na malaya, na katika nchi ya Waislamu wengi watazamaji walimbebesha dhambi za wahusika wake. Aliumia, hilo halina ubishi. Lakini matusi hayakumkosesha kazi. Waongozaji waliendelea kumwita, kwa sababu hapakuwa na mwingine wa kuzibeba nafasi zile.

Tatizo kubwa lilikuwa fedha na njia zilimopita. Kuanzia 1963 Ufaransa, kupitia wizara yake ya ushirikiano, ilisaidia filamu za Waafrika kwa vifaa, uhariri na ununuzi wa haki za maonyesho. Msaada huo ulimlenga mwongozaji. Kumbi nazo zilitawaliwa na kampuni mbili za Kifaransa, COMACICO na SECMA, ambazo faida yao ilitoka kwenye filamu za nje. Filamu ya Niger ikapigwa, ikasifiwa, na isirudishe fedha za kupigia nyingine. Le Wazzou polygame ilipotwaa tuzo kuu ya kwanza ya tamasha la filamu la FESPACO mwaka 1972 kule Ouagadougou, heshima ilikuwa ya Ganda, na aliistahili. Ila mwongozaji mwenye tuzo huweza kubisha hodi kwa wafadhili na wazo jipya. Mwigizaji hungoja kuitwa, na hapakuwa na studio ya kumlipa mshahara wakati anangoja.

Kwa hiyo riziki ya Zalika ilitegemea watu wachache mno. Ganda alifariki 1981 akiwa na miaka 45. Bei ya urani, ambayo Niger iliitegemea, ikaanguka, serikali ikabana matumizi, na CIDC, shirika la pamoja la usambazaji wa filamu la nchi za Afrika zinazozungumza Kifaransa, likasambaratika katikati ya muongo huo. Mwaka 1994 faranga ya CFA ilipunguzwa thamani kwa nusu. Kipaji cha Zalika hakikuhusika na lolote kati ya hayo.

Ng'ambo ya mpaka, Kano nchini Nigeria, miaka hiyohiyo ya 1990 ilizaliwa biashara ya filamu za Kihausa kwenye kanda za video. Ubora wake hubishaniwa mpaka leo, lakini mnunuzi wa kanda sokoni ndiye aliyelipia filamu inayofuata, na nyota wakapata kazi mfululizo. Zalika alikuwa amevuka miaka 40 wakati huo, na biashara ile ilitaka sura changa.