Je, Wajua? Chuma Kinachokabili Mawe ya Namoya

Je, wajua kwamba kwatzi, lile jiwe jeupe linalobeba dhahabu ya Namoya katika teritori ya Kabambare, jimbo la Maniema, ni gumu kuliko hata bamba la chuma la daraja la 600? Kampuni ya Banro ya Kanada ilipoanza uzalishaji wa kibiashara pale Januari 2016, ilichimba mashimo ya wazi, yakiwemo Mwendamboko na Kakula. Kazi ya namna hiyo hula meno ya vijiko, sakafu za matipa na taya za karasha. Bamba gumu halizuii kulika, linachelewesha.

Je, wajua kwamba namba za madaraja ya bamba, yaani 400, 450, 500 na 600, si unene wala uzito? Ni ugumu kwa kipimo cha Johan August Brinell, mhandisi wa Sweden aliyekitangaza mwaka 1900. Tufe la milimita 10 hukandamizwa juu ya chuma kwa mzigo wa kilo 3,000, kisha upana wa kishimo hupimwa kwa lenzi. Chuma laini cha kawaida huacha kishimo cha milimita 5 hivi. Daraja la 400 huacha milimita 3.05, na la 500 milimita 2.74. Tofauti ni karibu theluthi ya milimita, nayo ndiyo unayoilipia.

Na namba hiyo ni ya katikati tu. Hardox 500 ya kiwanda cha SSAB, kwa mfano, huruhusiwa kuwa popote kati ya 470 na 530.

Je, wajua kwamba bamba la 400 na la 500 yakiwa na unene mmoja yana uzito uleule? Mita moja ya mraba yenye unene wa milimita 10 ni kilo 78.5. Faida ya ugumu ni kwamba unaweza kushuka hadi milimita 8. Kwa bodi la tipa lenye mita 20 za mraba, gari limepunguziwa zaidi ya kilo 300. Msimu wa mvua, kati ya Kasongo na Kabambare, hizo si kidogo hata kidogo.

Je, wajua kwamba moto wa karakana unaweza kufuta kila ulicholipia? Mabamba haya hupashwa moto kiwandani hadi karibu nyuzi 900, kisha huzimwa ghafla kwa maji. Yakipashwa tena kupita nyuzi 250 hivi, ugumu huanza kushuka. Fundi anayelikunja bamba kwa gesi mpaka liwe jekundu anamkabidhi mwenye gari chuma laini kwa bei ya chuma kigumu.

Unyevu nao ni adui, na Maniema haina upungufu wa unyevu. Fimbo za kuchomelea huunyonya, hidrojeni ikaingia kwenye kiungo, na ufa ukatokea siku moja au mbili baadaye, gari likiwa limeshaondoka. Tumia fimbo za hidrojeni kidogo, kama 7018, zilizokaushwa kwenye tanuri. Wala usitafute fimbo ngumu kama bamba: kiungo laini kidogo hustahimili zaidi.

Je, wajua kipo chuma kinachozidi kuwa kigumu kadiri kinavyopigwa? Robert Hadfield wa Sheffield alikigundua mwaka 1882, kikiwa na manganizi asilimia 12 hivi. Kikiwa kipya kina Brinell 200 tu. Mawe yakikigonga, uso wake hufika 500. Ndiyo maana ndicho cha taya za karasha. Kwa mchanga unaoteleza bila kugonga hakifai, kwani hulika upesi. Utakitambua kwa sumaku: hainati.

Daraja la 600 je? Hukunjika kwa shida kubwa. Liwekwe bapa, ndani ya mfereji wa kuteremshia mawe. Kwa maoni yangu, karakana ya kawaida itatosheka na 450.

Wajua pia kwamba vumbi la kwatzi hiyohiyo huleta ugonjwa wa silikosisi? Mapafu ya wanaotwanga mawe hayana bamba la kubadilisha. Mawe yaloweshwe kabla ya kutwangwa.

Na wewe unayenunua: rangi ya bamba haithibitishi daraja. Kabla hujalipa, dai cheti cha kiwanda, na uhakikishe namba yake ni ileile iliyogongwa kwenye bamba.