Kutoa Desimali kwa Mkono: Kinga ya Mnunuzi wa Gesi ya Kupikia

Gesi ya kupikia huuzwa kwa uzito, lakini mnunuzi haioni kwa macho. Kilicho mbele yake ni mtungi wa chuma, na mtungi wenye gesi pungufu hautofautiani kwa sura na ule uliojaa. Njia ya kuhakiki kiasi unacholipia ni kuupima mtungi kwenye mizani, kisha kufanya hesabu ya kutoa. Hesabu hiyo aghalabu huwa na desimali, na hapo ndipo wengi hukosea au humwachia muuzaji aifanye peke yake. Kalamu na kipande cha karatasi vinatosha kuifanya mwenyewe.

Namba tatu za kuzitambua

Namba ya kwanza ni uzito wa mtungi mtupu. Huu huandikwa kwenye mtungi wenyewe, kwa kawaida juu, katika ukingo unaozunguka valvu, na mara nyingi huambatana na herufi TW. Namba ya pili ni uzito wa jumla, yaani ule unaosomeka kwenye mizani mtungi ukiwa na gesi. Namba ya tatu ni uzito wa gesi unaouziwa, kwa mfano kilo 6 au kilo 15. Ukitoa uzito wa mtungi mtupu katika uzito wa jumla, kinachobaki ni gesi.

Namna ya kutoa

Tuseme umenunua mtungi wa gesi ya kilo 6. Mizani inasoma kilo 12.7, na mtungi umeandikwa kilo 7.25. Andika namba hizo moja chini ya nyingine, nukta ikae chini ya nukta. Kwa kuwa 12.7 ina tarakimu moja tu baada ya nukta, ongeza sifuri mwishoni iwe 12.70. Sifuri hiyo haibadilishi thamani, kwa sababu sehemu 7 za kumi ni sawa na sehemu 70 za mia.

  12.70
–  7.25
  5.45

Anza kulia. Katika sehemu za mia, 0 haitoshi kutolewa 5. Azima 1 kutoka kwa 7, upate 10. Kumi kutoa 5 ni 5. Katika sehemu za kumi imebaki 6. Kutoa 2 ni 4. Shusha nukta mahali pake. Katika mamoja, 2 haitoshi kutolewa 7. Azima kumi iliyo kushoto, upate 12. Kumi na mbili kutoa 7 ni 5. Gesi iliyomo ni kilo 5.45.

Jihadhari na kosa moja lililozoeleka. Asiyeongeza sifuri huishusha ile 5 ya mwisho kama ilivyo, akapata 5.55. Kosa hilo humzidishia gesi isiyokuwapo, gramu 100 nzima.

Upungufu ni kiasi gani?

Sasa toa kilo 5.45 katika kilo 6 ulizouziwa. Namba nzima nayo hupewa nukta na sifuri zake:

  6.00
– 5.45
  0.55

Hapa sehemu za kumi hazina cha kuazimisha. Azima 1 kutoka kwa 6, ibaki 5. Moja hiyo ni sehemu 10 za kumi. Acha 9 hapo, na ile moja iliyosalia ipeleke kwenye sehemu za mia iwe 10. Kisha 10 kutoa 5 ni 5. 9 kutoa 4 ni 5. Na 5 kutoa 5 ni 0. Upungufu ni kilo 0.55, yaani gramu 550. Ikiwa gesi hiyo umeuziwa kwa shilingi 24,000, kila kilo ni shilingi 4,000, nawe umelipia shilingi 2,200 za gesi usiyopewa.

Hakiki jibu lako kwa kujumlisha: 5.45 na 7.25 ni 12.70. Usipoirudia namba ya juu, fanya hesabu upya kabla ya kumlalamikia mtu.

Utaratibu huu unafaa pia kwa dira ya maji. Dira ikisoma uniti 412.3 mwezi uliopita na 425.08 mwezi huu, toa 412.30 katika 425.08, umetumia uniti 12.78. Uniti moja ni lita 1,000, hivyo ni lita 12,780.

Kabla ya kuondoka dukani

Hakikisha mizani inasoma sifuri kabla ya mtungi kuwekwa, na kwamba hakuna kitu kingine juu ya mtungi, kama vile regulata au jiko. Nchini Tanzania, mizani ya biashara hukaguliwa na Wakala wa Vipimo kwa mujibu wa Sheria ya Vipimo, Sura ya 340. Angalia kama ina alama ya ukaguzi. Ukibaini upungufu, mwonyeshe muuzaji hesabu yako na uombe mtungi mwingine, nao upimwe mbele yako. Akikataa, tunza risiti na karatasi ya hesabu, kisha peleka malalamiko katika ofisi ya Wakala iliyo karibu nawe.