Edward Wilson na visiwa vya mikoko (Sehemu ya tatu)

Wajumbe wa mkataba wa bioanuwai waliokutana Roma Februari 2025 walikubaliana namna ya kutafuta dola bilioni 200 kwa mwaka ifikapo 2030, ili ahadi ya Montreal ya Desemba 2022, ya kuhifadhi asilimia 30 ya nchi kavu na bahari, isibaki kwenye karatasi. Vyombo vya habari vilishughulika na fedha. Kwa nini ukubwa wa eneo ndio uwe kipimo, hilo halikuulizwa, na jibu lake limo katika kazi ya Edward Wilson, mtaalamu wa wadudu tuliyemwacha juma lililopita pale Harvard, jicho moja likiwa halioni, ameinamia sisimizi wake.

Mwaka 1967 Wilson na Robert MacArthur, mwanaikolojia mwenye kichwa cha hesabu, walitoa kitabu kuhusu biojiografia ya visiwa. Walidai kwamba idadi ya spishi kisiwani hutokana na mambo mawili yanayoshindana: wanaowasili na wanaotoweka. Kisiwa kilicho karibu na bara hupata wageni wengi. Kikubwa hupoteza wenyeji wachache. Lakini nani angengoja karne nzima kuthibitisha hayo?

Wilson hakungoja. Pamoja na mwanafunzi wake Daniel Simberloff, aliyesomea hesabu kabla ya kuingia kwenye wadudu, alichagua visiwa sita vidogo kule Florida Keys. Kila kimoja kilikuwa kichaka cha mikoko tu, kipenyo chake hakizidi mita ishirini, mizizi imezama kwenye tope la chumvi kama ile ya Rufiji au Lamu. Kwanza walihesabu kila kidudu: chini ya magome, ndani ya vijiti vyenye uwazi, kwenye majani. Kisha wakaajiri kampuni ya kuua wadudu kutoka Miami. Mafundi walijenga viunzi, wakafunika kisiwa kizima kwa turubai la plastiki, wakafukiza gesi ya methili bromaidi. Mikoko ilisalia hai. Wadudu na buibui karibu wote wakafa.

Ndipo ilipoanza kazi ambayo mimi huiheshimu kuliko nadharia yenyewe. Simberloff alirudi na kurudi, akihesabu wanaoingia. Buibui wadogo walifika mapema, wakipeperushwa na upepo kwenye nyuzi zao. Kabla ya mwaka kwisha, visiwa karibu vyote vilikuwa vimerudia idadi yao ya awali. Kile cha mbali kabisa ndicho kilichobaki nyuma. Idadi ilirudi, lakini spishi nyingi hazikuwa zile za mwanzo.

Msitu uliozungukwa na mashamba nao ni kisiwa. Pale Usambara Mashariki, ambako mashamba ya chai na makazi yameukata msitu vipande vipande, William Newmark alichapisha mwaka 1991 utafiti wa ndege wanaoishi chini ya miti mirefu: vipande vidogo na vilivyojitenga vilikuwa na spishi chache. Hatari ni kwamba ndege hawatoweki siku mti unapoangushwa. Hupungua miaka mingi baadaye, wakati aliyetoa kibali cha kukata ameshastaafu.

Kutokana na hesabu hizo za ukubwa wa eneo na idadi ya spishi, Wilson aliandika mwaka 2016 kwamba nusu ya dunia iachiwe viumbe wengine: ukibakiza asilimia 10 ya makazi utaokoa takriban nusu ya spishi, ukibakiza nusu utaokoa kama asilimia 85. Hesabu ni nzuri, ila nusu hiyo ina wenyewe, na kuwahamisha wafugaji na wakulima kwa jina la ndege ni dhuluma. Naamini msitu unalindwa vyema na aliyezaliwa ukingoni mwake, akipewa haki yake kwa maandishi. Na katika mabilioni ya Roma itengwe mishahara ya kudumu ya vijana wa kuhesabu wadudu na ndege, Amani, Kakamega na kwingineko, mwaka baada ya mwaka. Tunawahesabu tembo kwa ndege za angani huku mende wengi wa msituni hawana hata majina. Huo ni uzembe.

Juma lijalo tutafika kwenye kitabu chake cha 1975, kilichosababisha amwagiwe maji kichwani mbele ya wanasayansi wenzake mwaka 1978.