Mtoto wa ndugu na mlango uliofungwa

Na Mwandishi Wetu, Neasden, London

Kwetu Afrika Mashariki, mtoto kulelewa na ndugu si habari. Wengi wetu tulipata elimu kwa njia hiyo, nami ni mmoja wao. Ndiyo maana baadhi ya Waswahili hapa Neasden hukasirika wakisikia kwamba sheria ya Uingereza inataka halmashauri ijulishwe. Huuliza, serikali inaingiliaje damu yangu?

Jibu liko jirani. Mwaka 1999 Victoria Climbié, msichana wa miaka 7 kutoka Ivory Coast, aliishi kwa muda Harlesden, humu humu Brent. Wazazi wake walimkabidhi kwa shangazi wa baba ili apate elimu. Julai mwaka huo alipelekwa hospitali ya Central Middlesex akiwa na majeraha. Ikasemekana ni upele tu, akarudishwa kwa mlezi. Februari 25, 2000 alifariki dunia, mwili wake ukiwa na majeraha 128. Mlezi na mpenzi wake walifungwa maisha mwaka 2001.

Ripoti ya Lord Laming ya mwaka 2003 ilieleza kuwa afisa mmoja wa ustawi wa jamii, aliposikia kwamba mtoto husimama wima mbele ya mlezi wake, alidhani ndiyo heshima ya familia za watu weusi. Woga ukaitwa utamaduni.

Mila ya kulea mtoto wa ndugu haina kosa. Lakini kijijini ina walinzi: bibi, majirani, mwalimu anayewafahamu wazazi. Mtoto wa watu akikonda, utaulizwa. London kila mtu hufunga mlango wake.

Kwa hiyo sheria inasema hivi: mtoto wa chini ya miaka 16 akikaa siku 28 au zaidi na mtu asiye mzazi wala ndugu wa karibu, halmashauri lazima ijulishwe. Bibi, babu, kaka, dada, shangazi na mjomba hawahusiki. Binamu anahusika, na hata shangazi wa baba, kama yule wa Victoria.

Ndugu msomaji, kama unaye mtoto wa namna hiyo, toa taarifa. Afisa akija, mwache azungumze na mtoto faragha. Na ukimwona mtoto wa jirani anatetemeka mbele ya mlezi wake, usijifariji kwamba ni malezi ya kwao. Uliza, kama ambavyo mama yako angeuliza.