Kambi, mupira, yenga: kuusoma mji wa Lubumbashi

Mwaka 1965, mjini Élisabethville, André Yav alitoa maandishi kwa niaba ya watumishi wa nyumbani wa zamani, wale waliokuwa wakiitwa maboi. Kichwa chake cha Kifaransa kina maana ya "Msamiati wa mji wa Élisabethville". Anayeyafungua akitafuta orodha ya maneno ataambulia patupu. Ni historia ya mji tangu mwanzo wake, iliyoandikwa kwa Kiswahili cha mitaa ya pale, na Johannes Fabian aliichapisha upya mwaka 1990 pamoja na tafsiri na maelezo. Mimi naona kichwa kile hakikukosewa. Mji uliojengwa na kampuni moja huacha historia yake ndani ya maneno, na anayeyaeleza hana budi kusema nani aliajiriwa, alilala wapi, na Jumapili alicheza nini.

Hapa kitivoni hatuchoki kubishana juu ya Manchester, viwanda vyake na timu zake mbili. Nchini mwetu tunao mji wa namna hiyo, nao unasema Kiswahili.

Kampuni yenyewe ni Union Minière du Haut-Katanga, iliyoundwa mwaka 1906. Reli kutoka kusini ilifika mwaka 1910, mwaka uleule mji ulipoanzishwa, na mwaka 1911 tanuru la kuyeyushia shaba likaanza kazi kando ya mto Lubumbashi. Mto huo ndio uliokuja kuupa mji jina lake la sasa, mwaka 1966. Bomba la moshi la kiwanda lingali limesimama, na pembeni yake kuna kilima cheusi cha mabaki ya tanuru, yale ambayo wahunzi wa Kiswahili huyaita mavi ya chuma. Mtu wa Kibumba kama mimi akiiona picha yake hudhani ni lava ya Nyiragongo, wala hakosei sana: yote mawili ni mawe yaliyoyeyuka yakapoa. Tofauti ni kwamba kilima chao kina kobalti, na tangu miaka ya 2000 kimekuwa kikichimbwa tena.

Kiswahili hakikuwa lugha ya wenyeji wa pale. Wafanyakazi wengi wa kwanza walitoka Rhodesia ya Kaskazini, yaani Zambia ya leo, na Wabelgiji waliogopa kwamba Waingereza wangeishika migodi kupitia watu na lugha ya kazi. Fabian, katika kitabu chake cha 1986, anaonyesha jinsi hofu hiyo ilivyochangia kukipa Kiswahili nafasi. Watu wakaletwa kutoka Kasai, na katika miaka ya 1920 pia kutoka Ruanda-Urundi. Msemaji wa Kiluba na msemaji wa Kinyarwanda wakakutana mbele ya kapita mmoja. Neno hilo la Kireno tunalo hata sisi Kivu, mashambani na vijijini. Na posho waliyogawiwa ni neno la misafara ya karne ya 19: lilitembea na wapagazi kabla halijafika mgodini.

Kuanzia mwaka 1928 kampuni ilibadili mwendo. Badala ya kuwachukua wanaume kwa mkataba mfupi na kuwarudisha makwao, ikataka wakae na wake zao na wazae watoto hapohapo. Hapo ndipo kambi ilipopata maana yake ya Katanga: nyumba zilizopangwa kwa mistari, shule, zahanati, na kiwanja cha mpira. Kwa mtoto aliyezaliwa humo, kambi ni nyumbani. Kwetu Kibumba neno hilohilo lina habari nyingine kabisa. Mimi nilizaliwa baada ya kambi ya wakimbizi ya 1994, lakini wazee bado wanahesabu miaka kwayo. Na mwaka 2022 ilikuwa zamu ya watu wa Kibumba wenyewe kulala chini ya mahema Kanyaruchinya. Neno ni moja, lakini huko lilikuwa na ukuta wa tofali na huku lina turubai. Kamusi inayosema "mahali pa kukaa kwa muda" inaieleza Kibumba na kuisahau Lubumbashi.

Sasa mupira, hivyo ndivyo linavyotamkwa, kwa mu- kamili. Kabla ya kuwa mchezo, mpira ni utomvu wa mti, na katika nchi hii utomvu huo ulikusanywa kwa mjeledi enzi za Leopold II. Mwaka 1939 watawa Wabenediktini wa Élisabethville waliunda timu ya vijana wakaiita Saint-Georges, kwa jina la mlinzi wa maskauti. Baadaye timu ikachukua jina la Englebert, kampuni ya matairi. Nani angetunga mfano mzuri zaidi wa neno lenye maana mbili? Timu ya mpira yenye jina la mpira. Baada ya msimu wa 1966 usio na kushindwa ikajiita Tout Puissant, Mwenye Nguvu Zote. Ndiyo TP Mazembe ya leo, mabingwa wa Afrika mara tano: 1967, 1968, 2009, 2010 na 2015. Fainali ya dunia ya 2010 dhidi ya Inter Milan kila mtu anaijua, pamoja na kipa Kidiaba akiruka kwa makalio.

Wapinzani wao wa mjini ni Saint-Éloi Lupopo, wanaoitwa Cheminots, watu wa reli. Manchester United nayo ilianza mwaka 1878 kama timu ya wafanyakazi wa reli wa Newton Heath. Ufanano wa miji hiyo miwili unaishia hapo, maana kiwanja cha Élisabethville kina jambo lake. Desemba 1941 wafanyakazi wa Union Minière waligoma wakidai nyongeza ya mshahara, wakakusanyika kwenye kiwanja cha mpira. Askari wakawafyatulia risasi mbele ya gavana Amour Maron. Makumi walikufa, akiwemo Léonard Mpoyi aliyewasemea. Kampuni iliyotaka mpira uwatulize vijana ilikuwa imewapa pia mahali pa kukusanyika. Kwa hiyo mwanafunzi anayekusanya msamiati wa michezo Lubumbashi asishangae mzee akianza na viwanja na kumalizia na makaburi.

Kuhusu majengo nitachagua moja tu, ingawa kanisa kuu la matofali lingestahili makala yake. Katika miaka ya 1950 mbunifu Claude Strebelle na wenzake waliunda kundi lililojiita Yenga. Ni kitenzi chetu jenga, kwa matamshi ya Katanga, ambako j husikika kama y: kuja ni kuya, kujenga ni kuyenga. Kazi yao maarufu ni ukumbi wa tamthilia wa mwaka 1956, ambao leo ni Jengo la 30 Juni, makao ya baraza la mkoa. Wasanifu hao Wabelgiji hawakulisahihisha neno wakaandika jenga. Walilichukua kama mafundi walivyolisema.

Sisi tunalisahihisha. Katika semina zetu fomu kama batu, katoto na tutoto huwekewa mstari mwekundu na kuitwa Kiswahili kibovu, ilhali ngeli ya ka-/tu- inafanya kazi kwa utaratibu kamili, Goma na Lubumbashi, na kiambishi ba- kina ndugu katika kila lugha ya Kibantu inayotuzunguka. Kati ya 1973 na 1974 mchoraji Tshibumba Kanda Matulu alimchorea Fabian historia ya nchi katika picha zipatazo mia moja, akaieleza kwa Kiswahili hichohicho, kanda za sauti zikizunguka. Tukizinukuu kanda hizo na kubadili kila batu kuwa watu, tutakuwa tumeandika maneno ya nani?