Maji Yatokayo Darini Wakati wa Kiangazi

Mwezi wa Julai, mvua ikiwa imekwisha kitambo na majani ya migomba yameanza kupauka, mwenye nyumba katika Kaisho huenda akaamka asubuhi akaona doa la kahawia darini, karibu na mlango wa bafu. Atamwita fundi. Fundi atapanda juu, atagongelea misumari upya, ataziba matundu kwa lami, atapokea ujira wake na kwenda zake. Baada ya siku kumi doa litarudi, tena limekuwa pana zaidi. Hapo ndipo maneno huanza. Mwenye nyumba adai kwamba fundi ni mlaghai. Fundi adai kwamba bati lilikuwa bovu tangu dukani. Na mpangaji, ambaye kodi yake haicheleweshwi, ahamisha godoro huku na huku. Wote watatu wamesahau kuuliza swali moja jepesi: paa lavujaje ilhali mvua haikunyesha?

Maji hayo hayakutoka mbinguni, ndugu msomaji. Yametoka bafuni na jikoni, yakapanda juu yakiwa mvuke, kisha yakarudi yakiwa maji.

Kaisho, ambayo zamani ilikuwa katika Wilaya ya Karagwe na tangu mwaka 2012 imo katika Wilaya ya Kyerwa, ni nchi ya vilima, na usiku wa kiangazi una baridi ya kutosha kumfanya mtu atafute blanketi. Wazee wetu waliijua baridi hiyo. Nyumba ya msonge iliyoezekwa kwa nyasi nene ilikuwa na moshi, hilo hatukatai, na moshi ule uliumiza macho na vifua vya akina mama. Lakini nyasi hazipitishi baridi upesi, na tena hupumua: mvuke wa chungu cha ndizi ulipenya polepole ukatoka nje. Ni nadra mtu kudondokewa na maji akiwa ndani ya msonge uliotunzwa.

Bati ni kitu kingine kabisa. (Wachimbaji wa Kyerwa, wanaotoa madini ya bati ardhini, wanajua ya kuwa bati la paa si bati lao, ni chuma kilichopakwa zinki, ila jina limekuwa moja.) Unene wake haufikii nusu milimita. Usiku anga likiwa jeupe bila wingu, bati hulipeleka joto lake juu angani hata likawa baridi kuliko hewa inayolizunguka. Ndiyo maana alfajiri huliona limelowa umande kwa nje. Na kama chini yake kuna mvuke, litalowa kwa ndani pia, maana baridi haichagui upande.

Sasa tuingie katika hesabu kidogo. Hewa yenye joto la digrii 25, ikishiba mvuke, hubeba kiasi cha gramu 23 za maji katika kila mita moja ya ujazo. Hewa hiyo ikipoa hadi digrii 15 haiwezi kubeba zaidi ya gramu 13. Gramu 10 zilizobaki zitakwenda wapi? Zitashika mahali penye baridi zaidi. Feni ndogo ya bafuni ipitishayo lita 15 za hewa kwa kila sekunde itapitisha mita za ujazo 18 katika dakika 20. Hewa hiyo yote ikipoa kiasi tulichotaja, maji yatakayobaki bombani yakaribia gilasi nzima. Watu wanne wakioga asubuhi, hizo ni gilasi nne.

Wengine watasema kwamba haya ni mambo ya wenye feni, na wenye feni katika Kaisho ni wachache. Ni kweli kwamba si wengi. Lakini nyumba za matofali zenye bafu la ndani na dari zinajengwa, na nyumba za wageni nazo zinajengwa. Na jiko nalo linabadilika. Mwaka 2024 Serikali ilitoa mkakati wa taifa wa nishati safi ya kupikia, unaokusudia asilimia 80 ya Watanzania waitumie ifikapo mwaka 2034. Ni jambo jema. Ila gesi, ijapokuwa haitoi moshi wa kuonekana, inatoa maji. Kila kilo moja ya gesi ya mtungi ikiungua huzaa zaidi ya kilo moja na nusu ya maji, nayo hutoka katika umbo la mvuke. Mtungi wa kilo 6 ukiisha, lita zipatazo 9 zimekwisha kumwagwa hewani, mbali na zile zitokazo katika sufuria ya maharage iliyochemka mchana kutwa bila mfuniko.

Kwa hiyo feni inahitajika, na ubaya hauko katika feni. Ubaya uko katika bomba lake. Mafundi wengine huifunga feni darini na kuiacha ipulize ndani ya paa, bomba lisiwepo kabisa. Kazi ya namna hiyo haifai kulipwa hata senti moja. Ni kuyatoa maji bafuni na kuyapeleka juu ya vitanda, yakaozeshe mbao za kenchi, yakautie kutu ule upande wa bati usiopakwa rangi. Wengine huweka bomba laini la kukunjika, refu kuliko haja, likalala juu ya dari likining'inia kama tumbo la ng'ombe. Maji hukusanyika katika tumbo hilo, hewa ikakosa njia, na siku bomba likielemewa maji hurudi yalikotoka, ndani ya feni yenyewe, ambamo mna umeme. Hapo si habari ya doa tena.

Bomba liwe fupi, gumu na laini kwa ndani. Bomba la plastiki la inchi 4 lafaa kwa bafu. Njia iliyo bora ni kulitoa ukutani, si kwenye bati, nalo lilazwe likiinamia nje, sentimita 2 hivi kwa kila mita moja ya urefu, ili maji yakitokea yadondoke uani. Kona ziwe chache, na viungo vizibwe. Sehemu yoyote ipitayo ndani ya paa ivikwe blanketi la nyuzi za kioo. Miongozo ya ujenzi ya Uingereza, nchi yenye baridi kuliko yetu, imetaja unene wa milimita 25, na kwetu kiasi hicho chatosha. Juu ya blanketi pafungwe karatasi ya nailoni, kwa maana blanketi lililolowa halizuii kitu. Fundi asishawishike kutumia majani makavu ya mgomba. Ni bure, ndiyo, lakini panya watayapenda na moto utayapenda zaidi.

Ikiwa hapana budi bomba lisimame wima na kutokea juu ya bati, basi chini yake uwekwe mtego wa maji, yaani kikombe chenye mrija mwembamba unaoyapeleka maji nje kabla hayajafika kwenye feni. Mdomo wa nje uwe na wavu wa kuzuia ndege na popo, nao usafishwe, hasa wa jikoni, ambao hushika mafuta.

Mtumiaji naye ana sehemu yake. Feni isizimwe mara tu mtu amalizapo kuoga. Iachwe dakika 15 au 20, bomba likauke. Chini ya mlango pabaki upenyo wa sentimita moja, kwa kuwa feni haiwezi kutoa hewa isiyoingia.

Neno moja zaidi kwa wale wanaochanganya mambo. Feni hailifanyi jiko la mkaa kuwa salama ndani ya chumba kilichofungwa. Hewa ya sumu itokayo katika mkaa haionekani wala hainuki. Na jiko la kuni lenye dohani lisiunganishwe kamwe na bomba la feni. Dohani lina shida yake lenyewe, maana moshi ukipoa ndani yake huacha lami nyeusi inayoweza kushika moto, nalo lataka kusuguliwa kila msimu.

Mwenye nyumba anayetaka kujua ugonjwa wa dari yake kabla ya kumwita mtu hana haja ya chombo chochote. Na apange siku tatu za kiangazi watu waoge nje, feni isiguswe, kisha alitazame doa. Likikauka, shida ni bomba, na fundi hakumdanganya kuhusu bati. Lakini kama doa huonekana siku ya mvua peke yake, basi fundi na apande tena na lami yake.